Namba Tisa wa Institut Njira

Saa moja kasoro robo ya asubuhi, wanafunzi wa Institut Njira, shule ya sekondari kule Bagira, walikuwa wamekwisha kujipanga mbele ya bendera. Kwanza wimbo wa taifa, kisha nyimbo za chama, maana enzi zile chama kilikuwa kimoja tu, na nyimbo za chama haziimbwi umesimama kama mti: zinachezwa. Ngoma ilipolia, watoto mia nne walitikisa mabega na kupiga makofi, na ole wake aliyekosea mwendo, maana kiongozi wa animation, kama nyimbo na ngoma hizo zilivyoitwa, alipita katikati ya mistari, daftari mkononi, akiandika majina. Hivyo ndivyo siku ilivyoanza, siku sita kwa juma. Chaki iliweza kukosekana, vitabu viliweza kukosekana, na kweli vilikosekana. Animation haikukosekana hata siku moja.

Katika mstari wa mwaka wa pili alisimama mvulana mmoja mrefu, mwembamba, wa miaka kumi na minne. Nyumbani aliitwa Modeste, jina alilopewa kwa ubatizo. Shuleni jina hilo lilikuwa limekatazwa, kama majina yote ya ubatizo yalivyokatazwa kwa amri tangu mwaka wa sabini na mbili. Kwenye madaftari ya shule aliandikwa Bisimwa Murhula: Bisimwa kutoka kwa babu yake, Murhula kutoka kwa mama mkubwa aliyemlea utotoni. Wenzake walimwita Murhula mbele ya mwalimu, na Modeste mara tu mwalimu alipogeuza mgongo.

Modeste alikuwa na akili kali kama wembe mpya. Hesabu, Kifaransa, elimu ya viumbe, yote aliyala kama njugu. Lakini kulikuwa na kitu kimoja kilichomnyima usingizi, nacho ni saa ya gymnastique. Akipanda kamba, alining'inia katikati kama nguo iliyosahauliwa. Akiruka kamba ya chini, aliiangusha. Akikimbia kuzunguka uwanja, alifika wa mwisho huku akishika ubavu. Msichana mmoja wa darasa lake, Sophie, ambaye alicheza mpira wa kikapu na kuruka kama panzi, alimwambia siku moja mbele ya watu wote, "Modeste, wewe ukikimbia hata kivuli yako inakuacha." Darasa zima lilicheka, na Modeste mwenyewe alicheka, ingawa usiku alilirudia neno lile kitandani.

Alilirudia kwa sababu Sophie ndiye aliyekuwa wa kwanza, na yeye wa pili. Kila mwaka, shule moja ya mjini, yenye maabara na hadubini za kuonea vijidudu, ilichukua mtoto mmoja tu kutoka shule za mitaa kama Bagira: yule aliyekuwa wa kwanza wa mwaka wa pili. Mmoja tu. Waliobaki walipelekwa walikopelekwa. Baba yake Modeste, Papa Polycarpe, alikuwa muuguzi kwenye zahanati ya Kadutu, mtaa wa jirani. Miaka kumi na minane alikuwa akiwafunga watu vidonda na kuwachoma sindano, akiwasubiri madaktari ambao hawakufika. Modeste aliapa moyoni kwamba yeye atakuwa daktari, na daktari haanzi bila maabara. Kwenye bulletin ya muhula wa kwanza, Sophie alimshinda kwa pointi kumi. Modeste alihesabu na kuhesabu tena. Katika masomo ya darasani alikuwa amemzidi Sophie kwa pointi mbili. Zile kumi na mbili zilizomwangusha zilitoka zote kwenye gymnastique: yeye tatu juu ya ishirini, Sophie kumi na tano.

Basi Ijumaa moja ya mwezi wa tano, profesa, yaani mwalimu, wa gymnastique, citoyen Bahizire (enzi zile kila mtu aliitwa citoyen, raia), alimwita nyuma ya chumba cha kuwekea mipira. Alianza kwa kumsifu, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, na hapo tu Modeste angepaswa kukimbia. Profesa alieleza kwamba kombe la mashule limefika nusu fainali, kesho Njira itacheza na shule moja ya Kadutu, na mshambuliaji wao amehama na wazazi wake kwenda Lubumbashi. Amepatikana mchezaji mwingine, lakini huyo si mwanafunzi. Kwa hiyo anahitaji jina la kuvaa, na kamati ya kombe haiwezi kulishuku jina la mtoto anayejulikana kwa masomo. Profesa hakuzunguka zaidi.

"Unanipatia karte yako ya shule siku mbili tu," alisema. "Kwenye bulletin nitakuandikia kumi na sita."

"Na mimi nitafanya nini, prof?"

"Wewe? Ulale kwenu. Usionekane uwanjani. Iko kazi nyepesi kupita ile?"

Karte ile ilikuwa na muhuri mkubwa wa bluu, na mahali pa picha palikuwa patupu, kwa sababu mpiga picha wa mtaa hakuwa na filamu tangu Noeli. Nusu ya shule walikuwa na karte kama hiyo. Modeste aliitoa mfukoni. Kumi na sita! Alihesabu haraka, kama alivyozoea. Alikuwa wa kwanza.

Jumamosi asubuhi wanafunzi wote walifanya salongo, ile kazi ya lazima ya kufyeka majani na kuzibua mifereji. Mchana Modeste alimwambia mama yake kwamba kichwa kinamuuma, akalala kitandani akiwa amevaa nguo zake zote. Uwanja haukuwa mbali. Alisikia ngoma, kisha filimbi, kisha kelele za watu zikipanda na kushuka. Kila kelele ilipopanda, alishtuka, maana huko chini kulikuwa na mtu anayekimbia akiitwa Murhula, na Murhula alikuwa yeye, naye alikuwa hapa, akihesabu mabati ya dari. Kelele moja ilipanda na kukatika katikati, kama mtu aliyezibwa mdomo. Baada ya hapo palikuwa kimya muda mrefu. Modeste alikaa kitako.

Papa Polycarpe alirudi jua likiwa bado juu ya milima. Hakuvua kanzu yake nyeupe ya kazi, na kwenye mkono mmoja wa kanzu kulikuwa na damu iliyokauka. Aliingia moja kwa moja chumbani kwa mwanawe.

"Vua soksi," alisema.

Modeste alivua. Baba alipiga magoti, akaishika miguu ya mtoto kama anavyoishika miguu ya mgonjwa, akapitisha kidole kwenye muundi wa kulia, kisha wa kushoto. Hapakuwa na mkwaruzo. Hapakuwa na vumbi la kiangazi katikati ya vidole. Alisimama taratibu, akaketi ukingoni mwa kitanda, akaeleza. Wameleta mtoto wa Kadutu kwenye machela ya fito, anaitwa Camille, mfupa wa mguu umekatika mara mbili. Yeye amemnyoosha mguu na kumfunga, na mtoto ameuma kitambaa hadi kikatoboka. Kwenye kitabu cha wagonjwa kuna mahali pa kuandika ni nani aliyemuumiza, na wenzake Camille wamejibu wote kwa sauti moja: namba tisa wa Institut Njira, Bisimwa Murhula.

"Kalamu ilisimama yenyewe," alisema Papa Polycarpe. "Mutoto wangu, mwenye kukimbia mita hamusini anatapika, amevunja mutu mufupa? Sasa niambie. Nani alikuwa ndani ya jina yako?"

Modeste alilia kwanza, kisha akasema yote: chumba cha mipira, karte, kumi na sita. Mchezaji alikuwa Venant, kijana mmoja wa miaka ishirini anayepakua magunia ya simenti bandarini. Wakati wa salongo Modeste aliwaona wakimnyoa ndevu ili afanane na mwanafunzi. Mama alisimama mlangoni na mwiko wa bugali mkononi.

Baba akasema polepole, kama mtu anayesoma barua ya zamani, "Mimi niliamka siku moja nikaambiwa Polycarpe imekatazwa. Miaka makumi tatu na moja nilikuwa Polycarpe. Kwa kazi, kwa karatasi, kwa mushahara, waliifuta. Sikuulizwa. Mimi, jina walininyang'anya kwa amri. Wewe yako, nani alikuamuru?"

Modeste alivaa tena soksi zake, moja baada ya nyingine.

Jumatatu baba na mwana walikwenda kwa préfet, mkuu wa shule. Préfet alikuwa mtu mnene mwenye sauti ya asali, na beji ya chama kwenye kifua cha abacost yake, lile koti lisilo na tai. Aliwaketisha vizuri. Alisikiliza akitikisa kichwa. Kisha akaeleza kwamba hakuna haja ya kupiga kelele. Shule imeshinda, fainali ni ya Jumapili, na kamati imemfungia Bisimwa Murhula asicheze kwa mwaka mzima. Mtoto huyu hachezi kitu, sivyo? Basi amepoteza nini? Ni kama kumkataza samaki kupanda mti. Akacheka. Halafu, bila kubadili sauti, akamuuliza Papa Polycarpe kama bado anafanya kazi kwenye zahanati ya serikali, na kama kiongozi wake anajua kwamba anaacha wagonjwa saa za kazi ili kuja kuchafua jina la shule ya taifa.

Papa Polycarpe alikuwa na watoto watano. Alijua maana ya maswali ya namna ile. Katika miaka ile mtu aliweza kupoteza kazi kwa neno moja la mwenye beji, na asijue hata lilisemwa siku gani. Wanaosema leo kwamba miaka ile palikuwa na nidhamu, waulizeni nidhamu ile ilikuwa ya nani juu ya nani. Muuguzi aliinuka, akashukuru, akamshika mwanawe mkono, wakatoka. Njiani alisema neno moja tu: tungoje.

Wakangoja. Darasani Modeste hakuweza kusoma. Wavulana wa mwaka wa nne, ambao hawakuwahi kumtazama, sasa walimpiga begani wakimwita namba tisa, mvunja miguu, na kucheka, maana shule nzima ilijua siri. Watu wa Kadutu hawakuijua. Modeste alipotumwa kununua chumvi, alikwenda kwa njia ya mbali, akiogopa mtu asimwite jina lake.

Alhamisi barua ilifika kutoka kwa inspekta wa mashule. Familia ya Camille ilikuwa imepeleka malalamiko, na inspekta alikuwa ameamua bila kumwita mtu: mwanafunzi Bisimwa Murhula, kwa kumvunja mwenzake mguu kwa makusudi wakati mpira ulikuwa mbali, anafukuzwa. Hataruhusiwa kufanya mtihani wa mwisho wa mwaka. Hatapokelewa katika shule yoyote ya eneo lile. Mtihani ulikuwa umebaki siku kumi na moja.

Préfet alimwita Modeste peke yake. Sauti ilikuwa ile ile ya asali. Alimwambia asilie, kila kitu kina dawa. Yeye ana rafiki anayeongoza shule huko Kalehe, na Kalehe ni mbali kidogo, watu hawajuani. Mwaka kesho Modeste ataanza tena mwaka wa pili kule.

"Nitakuandikia karatasi ingine," préfet alisema. "Na jina ingine. Jina ni nini? Ni wino tu. Hii ya Bisimwa Murhula tutaiacha ikufe polepole."

Modeste alitoka pale. Alikuwa amedhani ametoa jina kwa siku mbili. Sasa walitaka alizike. Babu yake Bisimwa alilibeba jina lile kwenye mashamba ya Mumosho mpaka mgongo ukapinda, na hakuna mtu aliyewahi kusema kwamba Bisimwa alimuumiza mtu. Kalehe, kwenye shule ya kigeni, akiitwa nani? Na mama akija kumtembelea, atamuulizia nani pale langoni?

Hakwenda nyumbani. Aliteremka kwa miguu hadi Kadutu, njia nzima akijiambia arudi, na kila alipojiambia arudi aliendelea. Kwenye zahanati zamu ya baba siku ile ilikuwa ya asubuhi, kwa hiyo hakuwepo. Camille alilala kitanda cha dirishani, mguu umefungwa kwenye plasta nyeupe na kuinuliwa kwa kamba. Pembeni alikaa mama yake, Maman Eulalie, mwanamke mpana anayeuza unga wa muhogo sokoni Kadutu, na sauti yake ilijulikana kuanzia mwanzo wa soko mpaka mwisho.

"Mimi ni Bisimwa Murhula," alisema Modeste.

Maman Eulalie alisimama. Modeste alifunga macho, akingoja kofi. Lakini Camille alianza kucheka, akajishika mbavu kwa maumivu, akacheka tena.

"Huyu? Maman, muangalie ile miguu. Ni ya korongo. Mwenye alinipiga alikuwa na miguu kama ya meza ya padri. Na alikuwa amenyoa ndevu, niliona mahali wembe ilimukata."

Ndipo Modeste alipoeleza, akiwa amesimama, bila kuruka kitu, hata kile cha kumi na sita. Alisema pia kwamba karte aliitoa mwenyewe, hakupigwa, hakulazimishwa. Alipomaliza, Camille hakucheka tena. Alimtazama, akasema kwa sauti ndogo, "Kwa hiyo mimi nimevunjika juu ya pointi zako." Neno lile lilimchoma Modeste kuliko kofi ambalo hakupigwa, na hakulisahau maishani.

Hasira ya Maman Eulalie ilikuwa imehama. Alitaka kujua ni shule gani inayochukua mtu mzima, mbeba simenti, na kumtupa juu ya watoto wa wenzake. Aliuliza kama huyu inspekta ana mlango, na mlango huo unafunguliwa saa ngapi. Kesho, alisema, watakwenda wote, na Modeste atasema pale aliyoyasema hapa, na kama atakosa kuja yeye atamfuata mpaka Bagira na kumwita kwa jina lake lote mbele ya mama yake.

Jioni ile Modeste alimweleza baba yake, akamwambia kwamba kesho atakwenda kwa inspekta, na kwamba baba asije, kwa ajili ya kazi. Asubuhi Papa Polycarpe alivaa kanzu yake nyeupe, iliyofuliwa na kupigwa pasi, akachukua chini ya kwapa kitabu cha wagonjwa cha zahanati. "Twende," alisema.

Watu wa Kadutu waliokuwa barabarani siku ile wanakumbuka bado. Mbele alitembea Maman Eulalie, kitenge kimekazwa kiunoni. Nyuma yake, juu ya kigari cha kusukumia magunia ya unga, aliketi Camille na mguu wake mweupe umenyooka mbele kama mzinga. Vijana wawili wa soko walisukuma. Kisha muuguzi na mwanawe. Waliouliza walijibiwa na Maman Eulalie, na kila aliyejibiwa aliongozana nao kidogo.

Inspekta alikuwa mtu mkavu mwenye miwani, asiyependa makelele chini ya dirisha lake. Pengine angewafukuza, lakini watu walikuwa wengi mno. Alimwita préfet na profesa Bahizire waje. Préfet alifika akitabasamu, akasema kwamba hii ni njama ya watu wasiopenda ushindi wa Bagira, na kwamba mtoto aliyefukuzwa anaweza kusema lolote.

Inspekta alimgeukia Modeste, akamwonya kwamba akisema uongo hali yake itakuwa mbaya zaidi, na akisema kweli pia ataadhibiwa, kwa kuwa kutoa karte kwa mtu mwingine ni kosa. Je, bado anataka kusema?

Modeste alimtazama profesa, aliyekuwa akitazama viatu vyake.

"Ninataka," alisema. "Nilitoa karte yangu kwa prof Bahizire. Nilipewa pointi kumi na sita za gymnastique. Sikucheza. Siku ile nililala nyumbani. Sijui kucheza mupira, kila mutu wa Njira anajua."

Camille alisema yake. Papa Polycarpe alifungua kitabu cha wagonjwa, akasoma saa Camille alipoletwa. Alisema kwamba yeye mwenyewe alikagua miguu ya mwanawe saa mbili baada ya mchezo, na kwamba alikwenda kumwambia préfet siku ya Jumatatu, na préfet alimtisha kwa kazi yake, na yeye aliogopa akanyamaza. Alilisema hilo mbele ya préfet, akimwangalia machoni. Inspekta alivua miwani. Akamwambia profesa alete daftari la pointi. Daftari lilikuwa pale pale kwenye mfuko wake, maana ndio wakati wa kuandika bulletin, na mbele ya Bisimwa Murhula palikuwa na kumi na sita, kwa wino mpya, wakati kila saa ya mwaka mzima iliandikwa mbili, tatu, mbili.

Barua ya kumfukuza ilipasuliwa. Modeste aliruhusiwa kufanya mtihani, lakini gymnastique aliandikiwa sifuri juu ya ishirini, na inspekta hakukubali kuijadili. Institut Njira iliondolewa kwenye kombe. Profesa Bahizire alihamishiwa kisiwani Idjwi. Venant hakutafutwa na mtu. Alikwenda mwenyewe zahanati siku ya pili, akasimama mbele ya kitanda cha Camille, kofia mkononi, akasema waliahidi kumtafutia kazi ya ulinzi wa shule kama atafunga mabao, na kwamba hakukusudia. Camille alimwambia aketi. Na préfet? Préfet alibaki préfet. Mwaka uliofuata alipandishwa cheo. Tunaandika hapa ili watoto wasidhani kwamba kila mwenye kosa huadhibiwa. Lakini waliokuwepo hawajamsahau, na kusahauliwa ndiko alikokuwa akikutegemea.

Wenzake Modeste hawakumpokea vizuri. Siku mbili walimwita muuza kombe, na mtu alimwagia wino kwenye daftari. Ni Sophie aliyeleta daftari lake mwenyewe la hesabu, akaliweka mbele yake. Alisema anataka kumshinda mtu mwenye daftari, si mtu asiye na daftari, halafu akaenda zake.

Modeste alisoma siku zile kama mtu anayechota maji nyumba ikiungua. Alijua kwamba kwa sifuri ile hawezi tena kuwa wa kwanza. Alisoma hivyo hivyo. Asubuhi ya mtihani walipanga madawati uani, moja mbali na jingine, na msimamizi kutoka shule nyingine aliita majina. Alipofika kwenye herufi yake, Modeste alikuwa amekwisha kusimama.

"Bisimwa Murhula."

Wengine waligeuka kumtazama. "Niko," alijibu, akaenda kuketi.

Siku ya kusomewa matokeo, wazazi walijaa uani. Wa kwanza wa mwaka wa pili alikuwa Sophie, na mama yake alipiga vigelegele hadi préfet akaombwa kungoja. Wa pili, kwa tofauti ya pointi tano, Bisimwa Murhula. Nafasi ya shule ya mjini ilikwenda kwa Sophie. Modeste angebaki Bagira, ambako maabara ni kabati moja lisilo na ufunguo.

Walipokuwa wakirudi, Modeste alitembea kichwa chini. Papa Polycarpe alinunua miwa miwili midogo, akampa mmoja, wakaketi juu ya ukuta wa mfereji.

"Unasikitika," baba alisema. "Ni haki yako. Mimi pia ninasikitika. Lakini sikia. Pointi utatafuta tena mwaka kesho, na kamba utapanda, nitakufundisha mimi, hata kama utafika tu nusu. Jina haiko vile. Mutu akiivaa saa mbili, kile anafanya nayo kinabaki kwako, na yeye anaenda zake. Mukubwa akikuomba kitu na kukuambia ulale, usionekane, ujue hapo hapo kwamba iko muovu, hata kama ni profesa, hata kama ni préfet. Uniambie. Na kama mimi nitaogopa, kama niliogopa siku ile, uende hata bila mimi. Ulienda bila mimi, Modeste. Ile uhodari ndiyo mimi nilifuata mpaka kwa inspekta."

Alivunja muwa kwenye goti, akaanza kuumenya kwa meno.

"Kesho saa kumi," akaongeza, "tunapita kwa Camille. Wanamukata plasta, na atahitaji mutu wa kumushika mukono akijifunza kutembea. Nimewaambia utakuwa wewe, kila siku, mpaka atembee peke yake."

Modeste alisema ndiyo, papa. Na kesho yake, saa kumi kamili, alikuwa zahanati, akimpa Camille bega lake.